Chansi Hamsini

Siku ya tisa ya matanga simu ya marehemu ililia ndani ya mfuko wa koti lake, na mjane wake akaruka kama aliyekanyaga kaa la moto.

Koti lilikuwa limetundikwa kwenye msumari, juu kidogo ya mkeka aliokuwa amekalia. Simu hiyo walikuwa wakiichaji na kuiacha iwake ili ndugu wa mbali wapige kutoa pole, lakini kufikia siku ya tisa pole zilikuwa zimekwisha. Sabina hakuwa mwanamke wa kupekua simu ya mume. Katika miaka minne ya ndoa hakuwahi kuigusa, na alikuwa akijisifu kwa hilo mbele ya wenzake kazini. Lakini siku hiyo hakuwa na kazi nyingine duniani. Kwa mila ya ukoo wa Hezron, mumewe, mjane hukaa siku arobaini nyumbani kwa mama mkwe. Havuki uzio wa minyaa, hapiki, hashiki jembe, hampi mtu mkono. Kwa mtu aliyezoea kuinamia hadubini kutwa nzima katika zahanati moja ya Buhare, akitafuta vijidudu vya malaria, kukaa bure namna hiyo huko Butiama kulikuwa kifungo chenye chakula kizuri.

Basi akaichukua. Ujumbe ulitoka kwa mtu aliyeandikwa "Adventina Manyamanyama".

"Mkuu, umepotea. Uko wapi? Bila wewe hatuwezi kitu. Nimekumisi mpaka nimekasirika."

Sabina aliusoma mara tatu. Kila mara mwanamke huyo wa Manyamanyama, kule Bunda, alizidi kuwa mrembo. Wivu ni kitu cha ajabu, haujui kwamba mtu amekwishazikwa. Akaandika: "Hezron amefariki. Duara la dhahabu, shimo la wachimbaji, lilimfunika Buhemba. Mimi ni mkewe. Wewe ni nani?"

Kisha ikaja sauti iliyorekodiwa, na kwa dakika nzima hakukuwa na neno ndani yake, mwanamke analia tu huku cherehani ya mtu mwingine ikiunguruma nyuma yake. Alipopata maneno alisema kwamba yeye ni fundi wa kushona, ana wajukuu wawili, na hajawahi kumwona Hezron kwa macho hata siku moja. Walikuwa wakicheza gemu pamoja, kikosi cha watu wanne. Hezron ndiye aliyekuwa mpigaji wao.

"Fungua ujionee, mwanangu," alisema. "Ile alama ya upanga mwekundu. Yupo humo kama alivyokuwaga."

Sabina alifungua. Kwenye kioo akasimama mtu mrefu mwenye shoka, na jina lake lilikuwa Fundi Musoma. Alikuwa akihema, kifua kinapanda na kushuka. Sabina akafunika simu kwa kanga na kukaa hivyo mpaka jua lilipohama dirishani.

Siku zile zilifanana kama punje za mtama. Alfajiri Ryoba, kaka mkubwa wa Hezron, alikuja mpaka mlangoni, akakohoa, akaweka kibuyu cha maziwa, akaondoka bila kuinua macho. Sabina alikunywa maziwa yote, kwa sababu kwao walimfundisha kwamba chakula cha msibani hakikataliwi, akakiacha kibuyu kitupu pale pale mlangoni. Jioni Ryoba alikuja kukichukua. Alikitikisa kidogo, akasikia hakina kitu, akaenda zake. Sabina alimwona ni shemeji mwenye heshima kuliko wote. Mama mkwe wake, Nyamburi, alitazama kibuyu kitupu na kutikisa kichwa kwa furaha ambayo Sabina hakuielewa.

Mchana, joto likizidi na watu wakiwa mashambani, alicheza. Mwanzoni alicheza ili amwone tu akitembea. Halafu Adventina akaanza kumfundisha, kwa sababu kikosi kilikuwa kimekwama kwa bosi mmoja anayelinda daraja, na mkongwe yule, msiba au si msiba, hakupenda kushindwa.

"Sikiliza sasa," alisema katika sauti zake ndefu. "Pigo la kawaida linajulikana. Lakini kuna pigo linalotua pabaya, tunaliitaga kriti. Kriti ina mambo mawili. Chansi, ni mara ngapi itatokea katika mapigo mia. Na dameji, ikitokea itaongeza uzito gani. Pointi ulizonazo ni zile zile. Ukitaka chansi moja zaidi, unatoa dameji mbili. Tazama mume wako alivyogawa."

Sabina alitazama. Chansi kumi na mbili. Dameji mia moja sabini na sita.

Aliichukulia kama alivyochukulia kila hesabu ya maabara: akaokota kipande cha mkaa, akaandika sakafuni nyuma ya mkeka. Katika mapigo mia, kumi na mbili tu yangetua pabaya, kila moja na nyongeza ya mia na sabini na sita. Jumla elfu mbili mia moja na ushei. Mapigo themanini na manane yaliyobaki hayakuwa na nyongeza yoyote. Ndivyo alivyokuwa Hezron. Fundi mzuri wa magari, mwenye wateja wake pale Musoma, lakini moyo wake wote uliishi kwenye lile pigo moja. Kila likizo alikwenda Buhemba kuchimba dhahabu. "Safari hii, Sabi," alikuwa akisema. Alisema hivyo hata safari ile. Hasira ilimpanda Sabina hapo kwenye mkeka, hasira ya kweli, akamwambia yule mtu wa kwenye kioo kwamba yeye ni mjinga. Yule mtu akaendelea kuhema.

Gemu iliruhusu kugawa pointi upya, na akagawa. Alimpa chansi tisini. Dameji ikabaki ishirini. Sasa karibu kila pigo lilikuwa kriti, kioo kilimetameta kama siku ya sikukuu, na bosi wa daraja alisimama tu akijitibu majeraha yake kwa haraka kuliko Sabina alivyomjeruhi, kisha akamtupa mtoni.

Adventina alicheka kwa mara ya kwanza tangu siku ile. "Mwanangu, wewe unaogopa. Piga hesabu tena."

Akapiga. Tisini mara ishirini, elfu moja na mia nane. Pungufu hata ya Hezron. Akafuta, akaandika upya, akafuta tena. Yeye aliyemwita mwenzake mjinga.

Siku ya ishirini na tatu Susana, mke wa Ryoba, aliingia kuchukua ungo. Alikuwa mwanamke mkimya mwenye mikono mikubwa, na tangu msiba uanze hakuwa amemwambia Sabina zaidi ya salamu. Siku hiyo aliuchukua ungo, akafika mlangoni, akageuka. Akamuuliza kama ameshachagua upande wa kujengewa nyumba, au atangoja Ryoba amchagulie.

Sabina hakuelewa. Susana akamtazama, na polepole uso wake ukabadilika.

"Hukuambiwa," alisema. "Mungu wangu. Wewe ni mtu wa mjini, hukuambiwa."

Akamwambia. Katika ukoo ule, ndugu wa marehemu anayepaswa kumrithi mjane humpelekea maziwa kila asubuhi ya matanga. Mjane asiyetaka hurudisha kibuyu kimejaa, na jambo linaishia hapo bila mtu kutukanwa. Anayekunywa amekubali. Siku ya arobaini, wakati wa kuanua matanga, huletewa kibuyu cha mwisho mbele ya watu, huulizwa mara tatu anakunywa katika nyumba ya nani, na akinyamaza ni ya yule yule. Kisha anakunywa, na ng'ombe wa sherehe anachinjwa. Hezron hakuacha mtoto. Nyamburi alikuwa anasubiri Ryoba amzalie marehemu mtoto wa kubeba jina lake.

"Umekunywa siku ishirini na tatu," Susana alisema. "Na kulamba umelamba."

Aliondoka na ungo wake. Sabina alibaki ameshika magoti. Kwa siku ishirini na tatu alidhani anaonyesha adabu, kumbe kila asubuhi alikuwa akiolewa. Alitazama mlango. Haukuwa na kufuli. Angeweza kutoka, kupita minyaa, kufika barabarani na kusimamisha gari la Musoma. Lakini mjane anayetoroka matanga huambiwa amekimbia alichomfanyia mumewe, na kaburi la Hezron lilikuwa pale nyuma ya zizi. Asingeweza tena kulitembelea. Alipompigia baba yake huko Musoma, mzee alimsikiliza mpaka mwisho, akasema asiwatie aibu, Ryoba ni mtu mzuri. Hilo ndilo lililokuwa baya zaidi, kwamba lilikuwa kweli.

Kesho yake alikiacha kibuyu kimejaa. Nyamburi alifika mlangoni kabla ya Ryoba, akakiona, akaingia mbio na kumgusa paji la uso. Alimkorogea uji wa ulezi, akamfunika blanketi katika joto lile la mchana, na maziwa akayamimina kwenye sufuria yasiharibike. Jioni Ryoba akachukua kibuyu kitupu.

Akajaribu njia nyingine. Kila asubuhi aliwaita mabinti wawili wa Ryoba, akawanywesha wao. Alifikiri watu wataona kwamba yeye hanywi tena. Watu waliona. Siku ya tatu alimsikia Nyamburi akiwaambia wanawake wa jirani, kwa sauti iliyojaa machozi ya shukrani, kwamba mkwe wake ameanza kuwalea wana wa nyumba atakayoingia. Sabina aliinamisha kichwa kwenye magoti. Huko ndani, nyuma ya mkeka, tarakimu zake za mkaa zilikuwa bado zinasomeka: tisini, na ishirini.

Alimweleza Adventina kila kitu. Alimwambia pia alichokuwa ameamua: siku ya arobaini, mbele ya ukoo mzima, atakimwaga kibuyu chini. Alikuwa amesikia kwamba kumwaga maziwa ya mtu makusudi ni kama kumlaani. Wangemfukuza, lakini angetoka.

"Hilo ni pigo la Hezron," alisema Adventina. "Kubwa sana. Likitua utakuwa umetoka, lakini kaburi umelipoteza. Lisipotua wazee watasema msiba umekuchanganya, watakushika mikono, watakunywesha kwa nguvu. Mimi sijui mila ya huko, mwanangu. Najua pointi ni zile zile. Gawa vizuri."

"Nikigawa vizuri nitashinda?"

"Chansi hamsini, dameji mia. Ndiyo mgao bora kwa pointi zako. Lakini hamsini ni hamsini. Ukitafuta mia utakuta huna cha kupigia."

Mchana ule alimgawia Fundi Musoma hamsini na mia. Nusu ya mapigo yalipita bure. Nusu iliyotua ilitua kweli. Bosi wa daraja alipiga goti moja, halafu la pili, na huko Manyamanyama mwanamke mwenye wajukuu wawili alipiga kigelegele mpaka mafundi wenzake wakamuuliza kulikoni. Sabina hakupiga kigelegele, maana alikuwa msibani. Aliifunga simu na kukaa akifikiri mpaka ng'ombe waliporudi.

Siku ya thelathini na saba Susana alikuja kurudisha ungo. Sabina alimuuliza kitu kimoja tu: maziwa yale ya asubuhi anayakamua nani.

"Mimi," alisema Susana. "Nani mwingine? Naamkaga saa kumi na moja."

"Siku ya arobaini nitakuletea."

Susana alielewa. Alitazama nje kama kuna mtu, akavuta kanga yake, akaenda. Na hakurudi tena siku zile zote, hata kuomba moto.

Siku ikafika. Turubai lilifungwa uani, wanaume wakakaa kwenye mabenchi ya kanisani yaliyoazimwa, wanawake kwenye mikeka, na wapishi nyuma kabisa karibu na masufuria. Ng'ombe alikuwa amefungwa kwenye mti, anatafuna bila habari. Sabina alikalishwa katikati akiwa na kitambaa cheusi kichwani. Akamtafuta Susana mbele, kwenye mkeka wa wake wa nyumba. Hakuwepo. Alimwona huko nyuma akikoroga chungu, amewapa watu mgongo.

Wanzagi, baba mkubwa wa Hezron na msemaji wa ukoo, hakuwa mtu wa maneno mengi, na mguu wake wenye gauti ulimfanya apende mambo yaishe mapema. Kibuyu kikaletwa, kimejaa mpaka shingoni. Akauliza: "Mwanetu, unakunywa nyumba ya nani?"

Sabina alikichukua kwa mikono miwili. Uzito wake ulimshtua. Kumbe siku zote hizo hakuwa amekibeba, alikiinamisha tu na kunywa pale pale mlangoni. Kukimwaga kungekuwa rahisi sana, mikono yenyewe ilitaka. Akasimama.

Minong'ono ikapita. Mjane huwa hasimami. Wanzagi akauliza mara ya pili, kwa haraka kidogo. Sabina alianza kutembea kati ya mikeka, polepole, macho kwenye mdomo wa kibuyu ili lisidondoke hata tone. Alipita mbele ya Nyamburi. Alipita mbele ya Ryoba, aliyekuwa anatazama viatu vyake. Akafika jikoni kwenye moshi, akapiga magoti nyuma ya Susana.

"Mwenye nyumba," alisema, kwa sauti ya kusikika mpaka kwenye mabenchi. "Maziwa haya unayakamua wewe. Nilikunywa kwa kutojua, unisamehe. Nyumba yangu ilikuwa ya Hezron, na Hezron yuko pale nyuma ya zizi. Kunywa yako."

Susana aligeuka. Mwiko ulikuwa mkononi, unachuruzika. Hakumtazama Sabina, alimtazama mumewe, kule mbali chini ya turubai, na Ryoba hakuinua uso. Wakati ule Sabina alijua hana pigo lingine. Mikono yake ilianza kuchoka. Wanzagi alikohoa na kuuliza mara ya tatu.

Susana akauweka mwiko kwenye mfuniko, akajifuta mikono, akapokea kibuyu na kunywa. Alikunywa bila kupumzika, maziwa yakimtiririka kidevuni mpaka kwenye blauzi, na alipomaliza alikipindua ili kila mtu aone.

Hapo wazee wakainamiana vichwa. Walikaa hivyo kwa muda mrefu, na mmoja alisikika akisema kwamba jambo hili halijawahi kutokea. Lakini hakuna aliyeweza kusema maziwa yamemwagwa, wala kwamba yamekataliwa. Yalikuwa yamerudi kwa mwenyewe. Mwishowe Wanzagi akanyanyuka kwa kushika bega la jirani yake, akatangaza kwamba matanga yameanuliwa, na mjane yuko huru kwenda na kurudi kama mtoto wa nyumba. Nyamburi aliinuka, akaingia ndani na kufunga mlango. Sabina alimfuata, akamwita mama mara mbili. Ndani kulisikika mtu akilia kwa ajili ya mjukuu, na mlango haukufunguliwa. Ng'ombe akachinjwa vilevile, maana wageni walikuwa wamekuja na njaa zao.

Saa nane mchana alitoka na begi lake. Ryoba alikuwa amesimama penye mwanya wa uzio wa minyaa, na kwa mara ya kwanza tangu mazishi alimtazama usoni. Alimwambia shemeji safari njema. Kisha akabaki akizungusha kofia mikononi.

"Shemeji," alisema, "kila asubuhi nikiweka kile kibuyu nilikuwaga naomba. Nasema, Mungu, leo kirudi kimejaa. Jioni nakitikisa. Kitupu."

Sabina aliweka begi chini. "Siku zote arobaini?"

"Zote."

"Mbona hukusema?"

"Ningesemaje? Mke wa marehemu ndugu yangu, nimkatae mbele ya mama?" Alivaa kofia, akaivua tena. "Na wewe ulikuwa unakunywa vizuri tu."

Sabina alitaka kucheka, na kicheko kikaja kweli, kikatoka kibaya na kikavu. Siku arobaini watu wawili waliwekeana kibuyu mlangoni, kila mmoja akimwogopa mwenzake kwa heshima zote, na neno moja lingetosha siku yoyote ile. Siku zile zote alizitumia akipiga hesabu, kwanza za gemu, kisha za kutoka. Akajiuliza alimlilia Hezron lini, akatafuta siku hiyo, hakuiona. Alikuwa amejililia mwenyewe tu.

Hakufika barabarani. Alizunguka nyuma ya zizi, kwenye udongo ambao ulikuwa umeanza kuota majani, akakaa chini karibu na msalaba na kumlilia mumewe mpaka gari la Musoma likapita, na lililofuata nalo likapita.